Injinia wa ujenzi anavukaje mpaka kuwa bosi wa biashara ya reli kimataifa? Wajuvi tusaidiane

#1 MwanaIhumwa

Wakuu, mbukwenyi.

Kaka yangu ni injinia wa ujenzi. Yupo kwenye SGR, reli yetu mpya ya kisasa, tangu tuta la kipande cha Morogoro–Makutupora linashindiliwa, chini ya mkandarasi mdogo mmojawapo. Sasa treni zinapita, na yeye anasema kukimbizana na greda na vipimo vya udongo basi. Anataka upande wa biashara ya reli: kupanga treni, kuuza nafasi za mizigo, kusimamia mikataba, halafu baadaye atoke nje, kwenye makampuni yanayoendesha reli za nchi tatu nne kwa mpigo.

Nyumbani tumegawanyika. Baba anasema huko ni kutupa taaluma. Mimi nasema mabosi wengi wakubwa wa reli duniani walianzia uinjinia, kwa hiyo njia ipo. Kinachonitatiza ni kitu gani hasa huwavusha. Shule? Lugha? Kujuana? Waliopita huko, au wanaowajua waliopita, tupeni madini.

#2 Zabibu Tamu

Naweka kambi hapa. Ila swali dogo: mimi ni wa Makutupora, nalima zabibu, mbona hiyo SGR sijaiona ikifika kwetu?

#3 Taruma Kuukuu

MwanaIhumwa, nimestaafu reli, naomba nianze.

Kujenga reli na kuendesha reli ni kazi mbili tofauti. Anayejenga anakabidhi funguo anaondoka. Biashara inaanza siku treni ya kwanza inapoondoka na abiria waliolipa nauli. Zamani tulikuwa na idara ya njia na majengo, idara ya mitambo, na idara ya uendeshaji. Injinia wa njia angeweza kukaa humo mpaka anastaafu asijue shehena ya pamba inalipa kiasi gani kulinganisha na ya mafuta. Waliopanda juu, kwa nilivyowaona, walikubali kupitia kontro, yaani chumba cha kuongozea treni.

Kontro wengi humu hamjaiona. Mezani kunatandikwa karatasi pana. Pembeni yameandikwa majina ya stesheni kwa mpangilio wake, Gulwe, Msagali, Igandu, Kikombo, Ihumwa, Dodoma, na juu zinapita saa za siku nzima. Kila treni ni mstari wa penseli unaokata kwa mshazari. Treni ya haraka mstari wake umesimama, ya mizigo umelala. Mistari miwili ikikutana, hapo pawe na njia ya kupishania, la sivyo umeandaa msiba. Stesheni masta anapiga simu, treni imechelewa, unafuta, unachora upya, na ukimsogeza mmoja unawasogeza wote walio nyuma yake.

Ukikaa pale mwaka mmoja unaelewa kwamba reli inauza nafasi kwenye ile karatasi. Tuta, mataruma na chuma vipo ili nafasi hiyo ipatikane. Siku hizi karatasi imehamia kwenye kompyuta, lakini hesabu ni ileile. Kaka yako akaombe aingie huko, hata kama ataanza chini ya vijana wadogo kwake.

#4 Saranda

Zabibu Tamu, Makutupora ziko mbili. Yako ni hii ya Dodoma, yenye visima vinavyolisha jiji na kituo cha utafiti wa zabibu. Ya reli iko Wilaya ya Manyoni, mkoa wa Singida. Kila mwaka kuna mtu anakata tiketi kichwani mwake ya kwenda kwenye mashamba ya mizabibu.

#5 Zabibu Tamu

Basi watujengee japo tawi, zabibu zinaharibikia barabarani huku. Endeleeni wakuu.

#6 Bibi Hesabu

Namheshimu Mzee Taruma, ila kontro peke yake haimfikishi mtu kwenye meza ya wakurugenzi. Kinachovusha ni hela. Simaanishi kuwa nazo, namaanisha kuzielewa.

Chukueni mfano wa Alstom, wale Wafaransa watengenezaji wa treni. Bosi aliyeshika usukani mwaka 2016, Henri Poupart-Lafarge, amesoma uhandisi kwenye vyuo vikubwa vya Ufaransa. Lakini angalieni alikopita: Benki ya Dunia, wizara ya uchumi ya kwao, kisha ndani ya Alstom akawa mkuu wa fedha kwa miaka kadhaa kabla hajapewa kitengo cha usafiri. Akiwa bosi ndipo Alstom ilipoinunua Bombardier Transportation, watengenezaji wengine wa treni, mwanzoni mwa 2021. Ununuzi wa namna ile haufanywi na mtu anayejua zege tu.

Injinia wa kwetu muulize kalavati litabeba tani ngapi, atakujibu akiwa usingizini. Muulize mkopo wa dola ukilipwa kwa nauli ya shilingi unaleta hatari gani, anatafuta mlango. Huyo kaka aanze na kitabu cha mizania, MBA itakuja.

#7 Msomi wa Ng'ong'ona

Bibi Hesabu umenena, lakini kuna mtu anayevunja hoja yako: E. Sreedharan wa India. Injinia wa ujenzi, hakuwahi kuwa mtu wa fedha. Desemba 1964 kimbunga kiliibomoa reli ya daraja la Pamban, lile linalovuka bahari kusini mwa India. Shirika lilipanga kulitengeneza kwa miezi sita. Yeye, bado kijana, akalirudisha kwa siku 46. Alipostaafu reli ya serikali mwaka 1990 akapewa Konkan, reli ya zaidi ya kilomita 700 kwenye milima ya pwani ya magharibi, yenye mahandaki zaidi ya 90. Ikafunguliwa yote 1998. Akapewa tena metro ya Delhi, na kipande cha kwanza kikaanza 2002.

Kilichomvusha ni kwamba akitaja tarehe, kazi inakwisha tarehe hiyo. Pale Delhi kwenye maeneo ya kazi ziliwekwa saa zinazohesabu siku zilizobaki, kila fundi anaziona. Wenye fedha walimfuata yeye kwa sababu ahadi yake ilikuwa na thamani. Kaka wa mleta mada anaweza kulijenga jina hilo hapohapo alipo.

#8 Taruma Kuukuu

Msomi, Sreedharan namvulia kofia. Lakini mleta mada ameuliza kimataifa, na huyo jina alilipatia kwao. Ukitaka aliyevuka mipaka kwelikweli, msome Henry Thornton. Mmarekani, mwaka 1894 alianza kama mchoraji wa michoro ya kiufundi Pennsylvania Railroad. Mwaka 1914 Waingereza wakamchukua akaongoze Great Eastern Railway, na wapo waliolalamika kwamba Mmarekani anakuja kuwafundisha kazi. Mwaka 1922 Kanada ikampa Canadian National, shirika lililoundwa kwa kuunganisha reli zilizokuwa zimeelemewa na madeni. Huko akaweka hata redio kwenye mabehewa ili abiria wasikilize njiani.

Mwisho wake msiuruke. Mdororo wa uchumi ulipokuja, wanasiasa wakamwandama kwa matumizi, 1932 akajiuzulu, 1933 akafariki. Huko juu kuna upepo.

#9 Mkwe wa Msagali

Mimi si mtaalamu. Mama mkwe wangu anaishi karibu na reli, upande wa Igandu. Tarehe 24 Juni 2002 treni ya abiria ilishindwa mlima, ikaserereka kinyumenyume, ikaigonga treni ya mizigo. Watu 281 walikufa. Katika familia yetu kuna aliyekwenda kutambua maiti, na mpaka leo hataki kusikia honi usiku.

Nasoma mnaongelea mizania na mikopo. Sawa, ni muhimu. Ila mimi bosi wa reli ningependa awe mtu ambaye, akiletewa karatasi ya kupunguza gharama za matengenezo, anaona ule mteremko. Injinia anayevuka asiuache uinjinia wake mlangoni. Ndiyo maana naona baba wa mleta mada naye ana hoja.

#10 Bibi Hesabu

Poleni sana, Mkwe. Ulilosema linanifanya nisisitize zaidi: breki zinanunuliwa na bajeti. Asiyejua kuitetea bajeti mbele ya wakubwa ndiye anayekatwa fedha za breki.

#11 Karakana

Nanyi mmesahau mfano wa hapahapa. Mwaka 2007 reli yetu ilikodishwa kwa RITES ya India kwa mkataba wa miaka 25, wao asilimia 51, serikali 49, ikaitwa TRL. RITES ni kampuni ya wataalamu wa reli hasa, mainjinia watupu, kazi yao kuuza utaalamu nchi za nje. Haikufika miaka mitano, serikali ikairudisha. Kama uinjinia na uzoefu wa kimataifa vinatosha, mbona ilikwama?

#12 Taruma Kuukuu

Karakana, nilikuwepo. Vichwa vya treni vilikuwa vichache na vimechoka. Fedha za kuvifufua hazikutosha. Wafanyakazi wakagoma kwa mishahara. Halafu mwishoni mwa 2009 kuingia 2010 mafuriko yakaibomoa njia kati ya Kilosa na Gulwe, abiria wa Kigoma na Mwanza wakawa wanapandia treni hapa Dodoma. Mtu mmoja hawezi kubeba yote hayo.

#13 Karakana

Mafuriko yalikuja wakati mgonjwa yuko kitandani tayari, mzee wangu. Mimi nasema mkataba ulikuwa mbovu tangu mwanzo: anayemiliki njia mwingine, anayeendesha treni mwingine, kila mmoja anamwangalia mwenzake alipie mataruma. Sheria ya Reli ya 2017 ilirudisha njia na treni chini ya shirika moja, TRC, kwa sababu hiyo.

#14 Saranda

Na wengine watakwambia malori yalikuwa yameshachukua mzigo miaka mingi kabla ya hapo. Tusipotee njia lakini, uzi ni wa kaka wa Ihumwa.

#15 Dada wa Vipimo

Nimesubiri nione kama kuna mwanamke atachangia. Mimi ni injinia wa ujenzi, nimefanya kazi Kanda ya Kati, na niliwahi kuomba kazi kwenye kampuni moja ya nje inayoendesha reli. Jina naliacha.

Nilijiandaa kwa zege, udongo na mifereji. Usaili ukaanza hivi: "Umefunga njia moja kwa saa nne usiku ili ubadilishe reli. Umepoteza nafasi za treni ngapi, na mteja gani utampigia simu kwanza?" Nusu ya kwanza ya swali niliijibu kwa shida. Nusu ya pili sikuwa na jibu kabisa, kwa sababu katika miaka yangu yote ya kazi sikuwahi kuongea na mteja wa reli. Niliongea na mhandisi mshauri na mkandarasi tu.

Kwa hiyo naungana na Mzee Taruma kuhusu ile karatasi, ila naongeza nyama. Mtu awajue wenye mzigo. Nani anasafirisha nini, kutoka wapi, analipa kiasi gani kwa lori, analalamika nini. Aende bandari kavu akae na mawakala wa forodha. Na lugha: Kiingereza cha kuandika ripoti kinatofautiana na kile cha kubishana bei kwa simu. Wenzangu waliovuka wote wana lugha ya tatu. Mmoja alijifunza Kifaransa akaenda Afrika Magharibi, mwingine alishika Kituruki hukohuko kambini kwa kukaa na mafundi.

#16 Kijana wa Tabora

Dada umegusa penyewe. Na kabla ya kukimbilia vyuo vya nje, Chuo cha Reli kipo Tabora. Ninyi Wagogo reli inapita mlangoni kwenu mnaiangalia tu, darasa liko kwetu Unyamwezini.

#17 Zabibu Tamu

Mtani, reli ilifika Dodoma kabla ya Tabora. Heshimu kaka zako.

#18 Kijana wa Tabora

Ilipita, mtani. Ilikuwa inakuja kwetu.

#19 Mzee wa Makumbusho

Vijana wako sawa kwa kiasi. Wajerumani walianza reli hii Dar mwaka 1905, ikafika Tabora 1912 na Kigoma 1914, na Dodoma iko katikati ya safari hiyo. Nimeona uzi huu umemsahau mtu anayeufaa kuliko wote, kwa sababu alifanya kazi humu ndani.

Clement Gillman. Alizaliwa Madrid 1882, akasomea uhandisi Zürich, akaja 1905 na kampuni ya Holzmann kujenga Reli ya Kati. Waingereza walipoichukua nchi hakuondoka, na alipanda mpaka akawa injinia mkuu wa Reli za Tanganyika. Lakini alichokiona, ambacho wenzake wengi hawakukiona, ni kwamba reli inafuata watu, na watu wanafuata maji. Mwaka 1936 alichapisha ramani ya watu wa Tanganyika, nukta kwa nukta, ikionyesha walipojazana na palipo patupu. Ukiitazama unaelewa kwa nini treni inatembea saa nyingi kutoka Manyoni kwenda magharibi bila kuona mji. Baadaye akawa mshauri wa serikali wa mambo ya maji, na akaandika pia historia ya reli hizi. Alifariki 1946.

Hakuwa mfanyabiashara. Lakini swali lake, mzigo uko wapi na watu wako wapi, ndilo swali la biashara ya reli. Mwaka mmoja tu baada ya kifo chake, mradi wa Waingereza wa kulima karanga Kongwa ulianza bila kulijibu sawasawa, na uhaba wa mvua za Ugogo ukaujibu wenyewe.

#20 Msomi wa Ng'ong'ona

Mzee, hilo la Kongwa linastahili uzi wake. Ardhi ngumu ile nayo iling'oa majembe ya matrekta.

#21 Mtu wa Mikataba

Wote mnaongelea sifa za mtu. Mimi naona sifa zinakuja nyuma ya mtaji. Angalieni SGR yetu: mkandarasi wa kutoka Dar mpaka Isaka ni Mturuki, treni za umeme ni za Hyundai Rotem ya Korea Kusini, vipande vya Mwanza na Kigoma ni Wachina. Kila mwenye fedha na teknolojia anakuja na mabosi wake. Mtanzania atakuwa bosi wa reli kimataifa siku kampuni ya Kitanzania itakapokwenda kuendesha reli ya nchi nyingine.

Na njia ya mkato ipo. Yapi Merkezi, huyo mkandarasi Mturuki, yenyewe ilianzishwa 1965 na mainjinia wawili, Ersin Arıoğlu na Köksal Anadol. Hawakusubiri kupandishwa cheo. Leo kampuni imefanya kazi Senegal, Ethiopia na hapa kwetu, na Oktoba 2024 ikasaini mkataba wa reli ya Malaba–Kampala. Kaka atafute wenzake watatu, waanze na matengenezo ya njia. Kilomita zote hizi zitahitaji mikono.

#22 Bibi Hesabu

Mtu wa Mikataba, mainjinia watatu bila dhamana ya benki watapata tenda ya kufyeka nyasi pembeni mwa reli.

#23 Mtu wa Mikataba

Na wafyeke, dada yangu. Anayefyeka ndiye anayeiona njia kila siku.

#24 Karakana

Kuna jambo lingine, la mlinzi. Shinkansen, treni ya kasi ya Japani, ilibuniwa chini ya injinia Hideo Shima, na rais wa shirika alikuwa Shinji Sogo. Gharama zikapanda karibu mara mbili ya makadirio, wote wawili wakaondoka 1963, treni ikaanza Oktoba 1964 wao hawapo. Shima asingefika alipofika bila Sogo kumkingia kifua kwa wanasiasa, na mkubwa alipoanguka naye akaenda. Mainjinia wengi wenye akili wamebaki chini kwa sababu hakuna mkubwa aliyekubali kubeba lawama zao.

#25 Dada wa Vipimo

Kweli, ila wapo wanaopanda bila hata uinjinia. PRASA, shirika la reli za abiria la Afrika Kusini, mkuu wao wa uhandisi alifungwa miaka 15 baada ya kubainika hana sifa alizodai. Mtu anaweza kuvuka kwa maneno matamu, na abiria ndio wanaolipa. Karatasi zako ziwe safi, usajili wa bodi ya wahandisi uwe hai hata ukihamia biashara. Usiuache ufe.

#26 MwanaIhumwa

Asanteni wote. Kaka nimemsomea uzi mzima jana jioni, Baba akiwepo. Nilipofika kwa Mkwe wa Msagali Baba alinyamaza, halafu akasema huyo aliyeandika ana akili.

Kaka anasema ameamua kuomba nafasi upande wa upangaji wa treni, hata kwa mshahara mdogo kidogo, na usajili wake ataulipia kila mwaka. Kifaransa anauliza kama Dodoma kuna wanaofundisha jioni. Ila la fedha bado anabishana na mimi. Anasema mizania atajifunzia kazini.

#27 Bibi Hesabu

Asijifunzie kazini! Kazini hakuna atakayemwonyesha vitabu. Mwambie aje ofisini kwangu Jumamosi, nitampa taarifa za fedha za kampuni zilizochapishwa hadharani, aanze na ukurasa wa madeni.

#28 Taruma Kuukuu

Ajifunze vyote, ila kontro kwanza. Madeni yanasomeka popote. Treni zinazopishana usiku hazisomeki kwenye vitabu.

#29 Mtu wa Mikataba

Na mimi bado nasema afungue kampuni. Huko kontro ataajiriwa mpaka azeeke.

#30 Zabibu Tamu

MwanaIhumwa, akifungua hiyo kampuni, ile tawi ya kuja Makutupora yetu aiweke kwenye mpango. Mzigo upo: zabibu, mchuzi wa zabibu, na mvinyo. Nauli tutajadiliana.